Majibu ya maabara yanapopotelea njiani: Faili kuukuu za kompyuta na afya yako

Huenda jambo hili limewahi kukupata, msomaji. Umepimwa damu katika hospitali moja, umelipa na umengoja. Baada ya wiki mbili unatumwa kumwona daktari bingwa katika hospitali nyingine. Ukifika huko, karani anatazama kompyuta yake, anatikisa kichwa na kukuambia kwamba majibu yako "hayajaingia". Unachomwa sindano upya, unalipa upya, na siku ya kuanza matibabu inasogezwa mbele.

Mgonjwa akiambiwa hivyo hudhani kuna mtu aliyezembea. Wakati mwingine ni kweli. Lakini mara nyingine chanzo ni kitu ambacho wewe na karani huyo hamkioni: faili ndogo ndani ya kompyuta, iliyoandikwa miaka ishirini au thelathini iliyopita, ambayo kazi yake ni kutoa ripoti katika mfumo mmoja na kuipeleka katika mfumo mwingine. Faili hiyo ikikosekana au ikilemewa, ripoti haifiki. Mbaya zaidi, huweza kufika ikiwa na kasoro ambayo hakuna anayeitambua.

Leo tutaeleza faili hizi ni nini, kwa nini bado zinatumika, madhara gani zinaweza kuleta, na hatua unazoweza kuchukua ili kujilinda wewe na jamaa zako. Huhitaji kuwa fundi wa kompyuta ili uelewe.

Ripoti hutokaje ndani ya kompyuta?

Hospitali inapoweka kumbukumbu zako katika kompyuta, jina, tarehe, vipimo na dawa huhifadhiwa katika hazina ya data, kila kimoja mahali pake. Ripoti ni kitu kingine. Ripoti ni ule mpangilio ambao daktari anaweza kuusoma: jina lako juu, vipimo katikati, sahihi chini. Programu ya ripoti ndiyo inayochota data kutoka kwenye hazina na kuipanga ukurasani.

Ripoti ikiwa kwenye skrini, bado imo ndani ya mfumo ule ule. Ili itoke, lazima igeuzwe iwe faili ya aina ambayo mfumo mwingine unaielewa: jedwali la Excel, maandishi matupu yaliyotenganishwa kwa koma, au ukurasa usiobadilika wa PDF. Kisha lazima ipelekwe mahali fulani, kama vile kwenye diski au barua pepe.

Waandishi wa programu waligundua zamani kwamba kazi kama hizi, ambazo hurudiwa kila siku, ni heri ziwekwe kando katika faili zake zenyewe ili programu kuu iziazime inapozihitaji. Faili hizo huitwa faili za maktaba. Katika kompyuta zinazotumia Windows, majina ya nyingi kati yake huishia kwa herufi dll.

Chukua mfano wa Crystal Reports, programu ya kuandaa ripoti iliyotokea mwanzoni mwa miaka ya 1990 na kuenea katika ofisi za kila aina duniani. Katika matoleo yake ya zamani, kazi ya kutoa ripoti nje iligawanywa mara mbili. Faili ambazo majina yake yalianza kwa u2f zilishughulikia umbo la ripoti. Kwa mfano, u2fxls.dll iligeuza ripoti kuwa jedwali la Excel. Zile zilizoanza kwa u2d zilishughulikia mahali pa kuipeleka: u2ddisk.dll iliihifadhi kwenye diski, na u2dmapi.dll iliituma kwa barua pepe.

Fikiria unavyotuma mzigo kwa basi kutoka Nairobi hadi Kisumu. Karani mmoja anaufunga na kuuandika jina la mpokeaji. Mwingine anaupakia ndani ya basi. Mmoja wao akikosekana, mzigo unabaki pale pale kaunta, mzima kabisa, unauona kwa macho, lakini hauendi popote.

Ndivyo ilivyo kwa ripoti. Faili moja ya maktaba ikifutika, au kompyuta ikibadilishwa na faili hiyo isahauliwe, ripoti bado itaonekana vizuri kwenye skrini. Lakini mhudumu akibonyeza kitufe cha kuitoa, kompyuta itakataa. Hapo mhudumu aliye na foleni ndefu mbele yake hufanya awezalo: huchapisha karatasi na kumpa mgonjwa mkononi, au hunakili tarakimu kwa kalamu. Na kila mahali tarakimu zinaponakiliwa kwa mkono, nafasi ya kukosea huongezeka.

Mbona hawabadilishi?

Ni swali la haki. Jibu lake lina sehemu kadhaa.

Kwanza, mfumo unaofanya kazi huogopwa kuguswa. Maabara haiwezi kufungwa wiki nzima ili mafundi wajaribu mambo mapya. Kama mashine ya zamani inatoa majibu kila asubuhi, msimamizi huona heri aiache ilivyo.

Pili, aliyeutengeneza mfumo huenda hayupo tena. Kampuni imefungwa, au kijana aliyeandika programu ameondoka na hakuacha maelezo. Hakuna anayejua ni faili ipi inaitegemea ipi.

Tatu, mashine ya kupimia damu yenyewe huishi miaka mingi na hugharimu fedha nyingi. Ikiwa ilinunuliwa pamoja na programu inayofanya kazi katika Windows ya zamani tu, hospitali hulazimika kubaki na Windows hiyo. Microsoft iliacha kuihudumia Windows XP mwezi Aprili 2014, na Windows 7 mwezi Januari 2020. Kompyuta inayobaki na mfumo usiohudumiwa haipati tena viraka vya kawaida vya kuziba mianya ambayo wezi wa data hupitia.

Nne, faili nyingi za maktaba za zamani ziliandikwa kwa ajili ya programu za biti 32, na programu ya biti 64 haiwezi kuziazima moja kwa moja. Mfano ni Jet, maktaba ya Microsoft iliyokuwa moyo wa hazina nyingi ndogo za data zilizotengenezwa kwa Access. Toleo lake la biti 64 halikuwahi kutolewa. Kliniki ikinunua kompyuta mpya na kuhamisha programu yake bila mpango, huenda ikashtukia kwamba mlango wa kutolea ripoti umefungwa.

Kwa hivyo, kuwa na mfumo wa zamani si aibu. Hatari ni kuwa nao bila kujua mipaka yake.

Yaliyotokea Uingereza mwaka 2020

Usidhani haya ni matatizo ya nchi maskini pekee. Mfano unaojulikana sana ulitokea Uingereza wakati wa janga la Covid-19.

Wakati huo shirika la serikali lililoitwa Public Health England, ambalo lilivunjwa mwaka 2021, lilikuwa likipokea majibu ya vipimo kutoka maabara za kibinafsi. Majibu yalifika yakiwa faili za maandishi yaliyotenganishwa kwa koma. Mfumo wa shirika hilo uliyachukua na kuyamimina katika majedwali ya Excel, ili yapelekwe kwenye mifumo mingine, ukiwemo ule wa kuwatafuta watu waliokaribiana na wagonjwa.

Tatizo ni kwamba majedwali hayo yalikuwa ya aina ya zamani, xls. Jedwali la aina hiyo haliwezi kuwa na zaidi ya mistari 65,536. Kiasi hicho hakikutoka hewani. Ni idadi ya namba zinazoweza kuandikwa kwa biti 16, yaani 2 ikizidishwa kwa yenyewe mara 16. Aina mpya ya jedwali, iliyotoka mwaka 2007, inaweza kubeba mistari 1,048,576. Lakini mfumo haukuwa umebadilishwa.

Na kwa kuwa jibu la mtu mmoja lilichukua mistari kadhaa, ilielezwa kwamba jedwali moja lingeweza kubeba wagonjwa wapatao 1,400 tu. Maambukizi yalipoongezeka mwezi Septemba, jedwali likajaa. Mistari iliyozidi iliachwa nje, na hakuna aliyetambua mara moja.

Kati ya Septemba 25 na Oktoba 2, 2020, wagonjwa 15,841 waliothibitishwa hawakuingizwa katika hesabu ya taifa. Wao wenyewe walipewa majibu yao. Lakini majina yao hayakuwafikia kwa wakati wale waliotakiwa kuwatafuta watu waliokula nao, waliofanya kazi nao na waliosafiri nao. Watu hao waliendelea na shughuli zao bila kujua kwamba walikuwa wamekaribiana na mgonjwa.

Waziri wa Afya wa wakati huo, Matt Hancock, alilieleza Bunge kuhusu kosa hilo mnamo Oktoba 5. Alikiri kwamba mfumo uliokuwa ukitumika ulikuwa wa zamani, na akasema uamuzi wa kuubadilisha ulikuwa umekwisha kufanywa kabla ya kosa hilo kutokea.

Baadaye watafiti wawili, Thiemo Fetzer na Thomas Graeber, walilinganisha maeneo ambayo majina mengi yalichelewa na yale ambayo machache yalichelewa. Walikadiria kwamba ucheleweshaji huo ulihusiana na maambukizi ya ziada zaidi ya 125,000 na vifo vya ziada zaidi ya 1,500. Hayo ni makadirio. Hata hivyo, yanatuonyesha kwamba jedwali lililojaa linaweza kuua.

La kukumbuka hapa ni kwamba hakuna kompyuta iliyozimika. Kila kitu kilionekana kwenda sawa. Iwapo kila siku mistari iliyotumwa na maabara ingehesabiwa na kulinganishwa na ile iliyopokewa, kosa lingeonekana siku ya kwanza.

Makosa matano yanayoingia njiani

Ripoti inaweza pia kufika, lakini ikiwa imebadilika. Haya hapa ni makosa matano ambayo yafaa uyajue.

1. Kipimo kupoteza kizio chake. Sukari ya damu hupimwa kwa vizio viwili: milimoli kwa lita, na miligramu kwa desilita. Milimoli 1 kwa lita ni sawa na miligramu 18 kwa desilita. Sasa tuseme ripoti imehamishwa na safu ya vizio ikaachwa nyuma, ikabaki tarakimu 20 peke yake. Ikiwa ni milimoli, sukari ya mgonjwa imepanda kupita kiasi. Ikiwa ni miligramu, imeshuka mno na yuko hatarini kupoteza fahamu. Mmoja anahitaji sukari ishushwe, mwingine anahitaji sukari haraka. Tarakimu ni ile ile.

2. Tarehe kugeuzwa. Sisi huandika siku kwanza kisha mwezi. Wamarekani huanza na mwezi. Programu iliyopangwa kwa desturi ya Marekani itasoma 6/3 kuwa Juni 3 badala ya Machi 6. Kwa mtoto, hilo si jambo dogo. Chanjo ya kwanza ya surua hutolewa hapa Kenya akiwa na umri wa miezi 9. Mtoto aliyezaliwa Machi 6 anatakiwa kuipata Desemba. Kompyuta ikiamini alizaliwa Juni 3, itamwambia mama arudi Machi mwaka unaofuata. Hiyo ni miezi mitatu bila kinga. Isitoshe, tarehe zilizo juu ya 12, kama 25/3, haziwezi kugeuzwa hivyo, kwa hivyo baadhi ya kumbukumbu hubaki sahihi na nyingine huharibika. Mtu akikagua mbili tatu huenda akadhani zote ziko sawa.

3. Ritifaa katika jina. Kuna majina mengi nchini mwetu yenye alama ya ritifaa: Ng'ang'a, Nyong'o, Wang'ombe. Katika lugha inayotumiwa kuulizia hazina nyingi za data, alama hiyo hiyo huonyesha mahali neno linapoishia. Programu isiyoandikwa kwa uangalifu ikikutana na Ng'ang'a hudhani jina limekwisha kwenye Ng, kisha huchanganyikiwa na kuikataa rekodi nzima. Karani aliyechoka huandika Nganga ili kazi iendelee. Kuanzia hapo hospitali ina wagonjwa wawili, Ng'ang'a na Nganga, ambao kwa kweli ni mtu mmoja. Historia ya shinikizo la damu iko kwa huyu, na majibu ya figo yako kwa yule.

4. Sifuri ya mwanzo kudondoka. Excel ikiona tarakimu tupu hudhani ni hesabu. Nambari ya simu inayoanza kwa 07 hubaki ikianza kwa 7. Nambari yenye tarakimu zaidi ya 15 hugeuzwa zile za mwisho kuwa sifuri. Kliniki inayotaka kukupigia simu kukuambia urudi upesi inaweza kukosa kukupata kwa sababu hiyo.

5. Maandishi kukatwa. Faili nyingi za zamani hazikubali maandishi yanayozidi herufi 255 katika nafasi moja. Yanayozidi hukatwa bila onyo. Tuseme daktari ameandika maelezo marefu yanayoishia hivi: "anaweza kupewa dawa zote za kuua viini isipokuwa penisilini." Mkasi ukipita kabla ya neno "isipokuwa", kinachobaki ni sentensi inayosomeka vizuri kabisa, na inayoweza kumuua mgonjwa.

Hata wanasayansi hunaswa. Mwaka 2016 watafiti walipokagua makala za kisayansi zilizoambatanishwa na majedwali ya Excel yenye orodha za jeni, waligundua kwamba takriban moja kati ya kila tano ilikuwa na majina ya jeni yaliyoharibika. Jeni iliyoitwa MARCH1, kwa mfano, ilikuwa ikigeuzwa kuwa tarehe ya mwezi Machi. Kufikia mwaka 2020 kamati ya kimataifa inayotoa majina ya jeni ilikuwa imeamua kubadilisha baadhi ya majina hayo. MARCH1 sasa ni MARCHF1. Wataalamu waliona ni rahisi kubadilisha jina la jeni kuliko kubadilisha tabia ya programu.

Hali ilivyo hapa kwetu

Kenya ina historia ya kujivunia katika jambo hili. Mapema mwaka 2001, kituo cha afya cha Mosoriot karibu na Eldoret kilianza kutumia mfumo wa kompyuta wa kuweka kumbukumbu za wagonjwa, uliotengenezwa kwa Access. Kazi iliyoendelea Eldoret ilichangia kuzaliwa kwa OpenMRS mwaka 2004, programu ambayo yeyote anaweza kuitumia na kuirekebisha bila kuinunua, na ambayo imeenea katika nchi nyingi. KenyaEMR, inayotumika katika kliniki nyingi zinazohudumia watu wanaoishi na virusi vya ukimwi nchini, imejengwa juu yake.

Mwaka 2011, Wizara ya Afya ilianza kutumia DHIS2 nchini kote, mfumo ulioanzishwa na Chuo Kikuu cha Oslo, Norway, ili kukusanya takwimu za vituo vyote mahali pamoja. Ndipo zinapoingia hesabu za fomu kama MOH 705, inayoorodhesha magonjwa ya wanaotibiwa bila kulazwa.

Hata hivyo, kati ya rejista ya muuguzi na mfumo wa taifa kuna hatua nyingi. Katika vituo vingi bado mtu hujumlisha hesabu kwa mkono na kuziandika upya katika kompyuta. Hospitali za kibinafsi nazo zina programu zao, kila moja na yake. Data inapohama kati ya mifumo hii, ndipo makosa tuliyoyataja hupata nafasi. Na hesabu zikipungua njiani, dawa na chanjo zinazopelekwa eneo hilo huenda zikapungua pia, kwa kuwa mipango hufanywa kwa kutegemea hesabu hizo.

Dawa ya kudumu ni mifumo kukubaliana lugha moja. Shirika la HL7 limekuwa likitunga kanuni za namna hiyo tangu mwaka 1987, na kanuni yake mpya inayoitwa FHIR hutaka tarehe ianze na mwaka, na hutenga nafasi maalumu ya kizio cha kipimo na ya kitambulisho cha mgonjwa. Mifumo ikizungumza kwa kanuni hiyo, hakuna haja ya kupitia jedwali la Excel katikati. Lakini mfumo wa zamani haujifunzi lugha mpya wenyewe. Lazima mtu aukalie na kuufundisha, na hilo huchukua muda na fedha.

Sheria inakupa haki gani?

Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019 inasema wazi kwamba habari kuhusu afya yako ni data nyeti. Inakupa haki ya kuona data ambayo hospitali imeweka kukuhusu, na haki ya kutaka makosa yasahihishwe. Aidha, inakupa haki ya kupewa data yako katika umbo linalotumika kwa kawaida na linaloweza kusomwa na mashine, na kuipeleka kwingine.

Kwa hivyo unapoomba nakala ya majibu yako, huombi fadhila. Omba kwa heshima, lakini usione haya. Ukikataliwa bila sababu, unaweza kulalamika kwa Ofisi ya Kamishna wa Kulinda Data.

Mambo ya kufanya ukiwa mgonjwa

• Usiondoke bila nakala. Omba ripoti iliyochapishwa, na kama inawezekana, nakala ya PDF. PDF haibadilishi tarakimu ikifunguliwa katika kompyuta nyingine.

• Isome kabla ya kutoka mlangoni. Angalia jina lako lote, mwaka wa kuzaliwa, tarehe ya kipimo, kizio kando ya kila tarakimu, na kiwango cha kawaida. Kama imeandikwa "ukurasa 1 wa 3", hakikisha una zote tatu.

• Andika jina lako kwa njia moja kila mahali. Kama lina ritifaa, chagua kulingana na kitambulisho chako cha taifa, na umwambie karani alitafute kwa njia zote mbili kabla ya kukufungulia faili mpya.

• Tunza orodha yako mwenyewe. Kijitabu kidogo chenye dawa unazotumia, dawa zinazokudhuru, upasuaji uliofanyiwa na kundi lako la damu kinatosha. Kadi ya kliniki ya mtoto usiitupe hata ukiambiwa kila kitu sasa kiko kwenye kompyuta.

• Usichukulie kimya kuwa habari njema. Hili ndilo kubwa kuliko yote. Watu wengi hupimwa saratani ya mlango wa kizazi, kifua kikuu au figo, kisha wakiona hawajapigiwa simu husema, "Kama kungekuwa na kitu wangeniita." Huenda waliita nambari iliyopoteza sifuri. Huenda jibu lako lilikuwa mstari wa 65,537. Ukiambiwa majibu ni baada ya siku saba, siku ya nane piga simu au nenda.

• Ukiona tarakimu ya ajabu, uliza. Kama sukari yako imekuwa 7 miaka yote na leo ripoti inasema 126, huenda hujazidiwa. Milimoli 7 na miligramu 126 ni kiasi kile kile. Mwulize daktari kabla ya kubadilisha kipimo cha dawa.

Kwa wenye kliniki na maabara ndogo

Kama unaendesha kliniki mtaani, nawe una wajibu wako.

• Hesabu. Kila unapotoa ripoti, linganisha idadi ya rekodi zilizotoka na zile zilizopokewa upande wa pili. Ni kazi ya dakika mbili.

• Usipakue faili ya maktaba iliyopotea kutoka mahali popote kwenye intaneti. Faili za bure za aina hiyo huweza kuja na programu za wizi. Itafute katika diski halisi za programu yako au kwa aliyekuuzia. Diski hizo zihifadhi pakavu, pamoja na nambari ya leseni.

• Andika tarehe kwa njia isiyo na utata, kama 2024-03-06, au taja mwezi kwa jina. Nambari za simu na za wagonjwa zipangwe kuwa maandishi, zisiwe hesabu. Kizio kiandikwe katika safu yake.

• Jaribu na jina gumu. Kabla ya kuamini mfumo mpya, ingiza mgonjwa wa majaribio aitwaye Ng'ang'a, mwenye simu inayoanza kwa 07, aliyezaliwa 6/3, na maelezo marefu ya mzio. Mtoe upande mmoja, mwingize upande wa pili, kisha mtazame. Akifika mzima, na wagonjwa wako wana nafasi nzuri.

• Toa data yako mapema. Kompyuta ya zamani haitoi notisi kabla ya kufa. Fundi mzuri anaweza kuuhamisha mfumo wote wa zamani ukaendelea kufanya kazi ndani ya kompyuta mpya kama kompyuta ndani ya kompyuta, pamoja na faili zake zote za maktaba, huku ukipanga kuhamia mfumo mpya. Mfumo huo wa zamani usiunganishwe na intaneti.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Ufa wenyewe hapa ni mdogo sana: ritifaa moja, sifuri moja, mstari mmoja uliozidi. Serikali na hospitali ndizo zenye jukumu la kuuziba. Lakini hadi hapo watakapouziba, majibu ya mwili wako yafuatilie wewe mwenyewe. Kama kuna kipimo ulichofanyiwa mwezi uliopita na hukupata jibu, leo ndiyo siku ya kuuliza.